Anguko la Wrigley

Teddington, 12 Mei 1913

Mama mpenzi,

Kifua changu kizima, soksi zimefika, na mama mwenye nyumba bado anachemsha kabichi mpaka inaomba msamaha. Kwa hiyo lala salama.

Umeuliza kazi inaendaje. Inaenda mbio. Jumatatu nilikuwa polisi, nikamwagiwa unga na mwoka mikate. Jumanne nikawa mwoka mikate. Jumatano mama aliyepaswa kucheza mama mkwe aliugua, wakanivika sketi na kofia ya maua, nikamfukuza Bwana Lionel Frayne kwa mwavuli kuzunguka bustani ya kampuni mpaka jua likajificha na kazi ikasimama. Hapa bila jua hakuna picha za sinema, na hii ni Uingereza, kwa hiyo tunakunywa chai nyingi sana.

Huyo Frayne ndiye Doddles, yule wa suruali pana na masharubu kama mswaki. Nchi nzima inamjua. Sisi wengine hatuandikwi popote. Watu wanatujua kwa kofia zetu tu. Mimi sijali. Bwana Hoskyns, mwenye kampuni, ananiita kila siku yenye jua, na wapo wanaume wamejipanga nje ya lango wanaoomba waitwe angalau mara moja.

Picha mpya, ile Doddles anapaka chokaa, itafika Oldham mwezi ujao. Usijisumbue kwenda. Mimi simo.

Mwanao,
Jabez

*

Oldham, 9 Juni 1913

Jabez,

Salamu utazikuta mwisho wa barua, kama nitakuwa nimepoa.

Ukimwambia mama yako asiende mahali, jua umeshamkatia tiketi. Nilikwenda Jumamosi na jirani yetu Bi Ogden. Nikamwona huyo Doddles wako anapanda ngazi na ndoo ya chokaa. Ngazi imesimama katikati ya uwanja, haikuegemea ukuta wala mti. Nikamwambia Bi Ogden, "Hebu nishike mkono." Akasema, "Una nini, Keziah, umekula utumbo uliolala?" Kabla sijamjibu, mtu yule akaja chini pamoja na ngazi yake, amenyooka kama ubao, na katikati ya hewa akavua kofia akawasalimia watu kama aliyekutana na mchungaji njiani. Akatua ameketi, ndoo mkononi, wala tone halikumwagika.

Ukumbi ulicheka mpaka benchi moja likavunjika. Mimi nililia. Lile ni anguko la baba yako.

Sheria ya watu wa jukwaani unaijua, umeinyonya pamoja na maziwa. Wimbo utaazima, kofia utaiga, lakini anguko la mtu ni mali ya nyumba yake. Baba yako alipokufa, Tom Kershaw wa Rochdale alikuja mlangoni na njaa yake, kofia mkononi, kuniomba ruhusa alitumie. Nikamnyima, naye akaenda zake bila kinyongo. Leo mtu wa London asiyejua hata mlango wangu ulipo anaanguka hivyo mbele ya dunia nzima. Nani kamfundisha? Marehemu alimfundisha mtu mmoja tu hapa duniani, naye ni wewe.

Umemwuza baba yako, Jabez?

Salamu sina.

Keziah Wrigley, ambaye bado ni mama yako

*

Teddington, 12 Juni 1913

Mama,

Sijamwuza mtu. Sijamfundisha mtu. Naapa kwa kaburi la baba. Zaidi ya hapo siwezi kusema kwa sababu nimetia saini kwamba sitasema.

Nakusihi usimwandikie Bwana Hoskyns. Wala usimpe Bi Ogden akuandikie.

Jabez

*

Oldham, 23 Juni 1913

Mwanangu,

Nilirudi. Safari hii nilikaa benchi la mbele kabisa pamoja na watoto, maganda ya machungwa yakinidondokea kichwani, na sikuangalia uso wa mtu. Niliangalia viatu.

Mguu wa kushoto unaingia ndani kidogo. Ni ule uliouvunja utotoni ulipojirusha kutoka paa la choo cha Bi Ogden ili umwonyeshe baba yako kwamba na wewe unaweza. Niliufunga mwenyewe kwa mbao za sanduku la chai, ukapona upande. Masharubu ni ya Frayne na suruali ni ya Frayne, lakini mguu ule nimeuzaa mimi.

Kwa hiyo hukuuza. Nisamehe kwa niliyoyaandika. Hasira yangu ya kwanza imekwisha na sasa ninayo nyingine.

Sikiliza nikwambie jambo ambalo sijawahi kulisema. Miaka kumi na tisa niliishika ngazi ile. Baba yako akigonga kwa kisigino, naiachia. Ningeiachia mapema angevunjika shingo, na ningechelewa angevunjika vilevile. Kila mji tuliofika bango lilisema SETH WRIGLEY, na mimi sikuandikwa hata kwa penseli. Nilijiambia haidhuru, jina letu ni moja. Ilinidhuru, Jabez. Mpaka leo inaniuma nikiwa nasukuma unga wa pai peke yangu jikoni. Sikupata kumwambia, na sasa hayupo wa kuambiwa.

Wewe hata suruali unayoangukia si yako. Onyesha uso wako. Asiyesikia la mkuu huvunjika guu, na kwako wewe guu ndiyo kazi.

Salamu nyingi sana, pamoja na keki ya tangawizi iliyo kwenye kifurushi.

Mama yako,
Keziah

*

Teddington, 1 Julai 1913

Mama,

Onyesha uso, unasema, kana kwamba uso ni leso ya kutoa mfukoni.

Nikwambie kazi yenyewe, maana umeshajua. Frayne anapanda vidato viwili vya ngazi. Mpiga picha anaacha kuzungusha mkono wa kamera, na sisi sote tunaganda tulivyo. Frayne anashuka taratibu kwenda kunywa chai. Mimi, niliyevaa kama yeye, napanda mahali pake na kuendelea juu, mgongo kwa kamera, nayo inaanza tena. Mtazamaji haoni mahali tulipobadilishana. Saini niliyotia inasema hivi: uso wangu usionekane na mdomo wangu usiseme, la sivyo hata upolisi sipewi tena.

Nao upolisi naupenda, Mama. Hilo hutaki kulielewa. Napenda kuwa yule anayepigwa ili mwenzake achekeshe. Nikipigwa vibaya, Doddles si kitu, na ninajua hivyo hata kama hakuna mwingine anayejua. Sitaki kuwa yeye. Nataka nilale nikijua kesho kukiwa na jua nitaitwa. Nina miaka thelathini na nne na mguu ulioingia ndani, na nje ya lango kuna vijana wenye miguu miwili iliyonyooka.

Wewe ulikubali miaka kumi na tisa. Niache na mimi nikubali.

Keki ilikuwa tamu.

Jabez

*

Teddington, 16 Agosti 1913

Mama,

Hujaandika tangu Julai. Kelele zako nimezizoea, ila ukimya wako unaninyima raha.

Leo nimeona gazeti. Mwandishi alikuja kumhoji Frayne, naye amemwambia kwamba lile anguko alilibuni mwenyewe, zamani akiwa mwanafunzi, akishusha kitabu cha Kilatini kutoka rafu ya juu maktabani. Nilisoma nikiwa nimevaa ile sketi ya mama mkwe. Nikasoma tena. Baba alilipata anguko lile akipaka chokaa dari la kiwanda cha pamba, siku aliyoanguka kweli, akaamka akicheka kwa sababu ndoo haikumwagika. Sasa limekuwa la Kilatini.

Kuanguka kwa ajili yake niliweza. Kumsikia akimfuta baba siwezi. Nimekasirika, Mama, na sijui niiweke wapi hasira hii, maana kwetu hasira ulikuwa nayo wewe tu.

Nina habari moja ndogo. Frayne anataka kwenda kaskazini asimame jukwaani kabla ya picha na kuwasalimia wapenzi wake. Hoskyns akaniuliza mimi, mtu wa huko, wampeleke mji gani. Akataja Oldham. Nikamwambia, "Bwana, Oldham msiende, mama yangu yuko huko na ni mkali." Walicheka sana. Nikasema, "Nendeni Blackpool. Ni pwani, hewa nzuri, na ni mbali na Oldham. Nendeni juma lile linaloanza Jumamosi ya mwisho ya Agosti." Hoskyns akanipa sigara kwa ushauri mwema.

Hawa watu wa kusini hawajui likizo ya Wakes ni nini, wala hawajui huwa tunakwenda wapi.

Mimi sisemi kitu. Nakupa tarehe tu.

Jabez

*

Blackpool, 3 Septemba 1913

Jabez wangu,

Kumbe unaye baba yako ndani yako, na mimi kidogo.

Juma la Wakes ni juma la Wakes. Viwanda vyote vya Oldham vimefungwa, mabomba hayatoi moshi, na mtaa wetu mzima umehamia hapa kama kila mwaka, mpaka mwenye duka la samaki na kasisi wetu. Jana Frayne alipotokea jukwaani na masharubu yake, alidhani anaona watu wa Blackpool. Hapakuwa na mtu wa Blackpool mle ndani isipokuwa mkata tiketi.

Akainama, akabusu hewa, akasema, "Wapendwa wangu, niwafanyie nini?"

Nikasimama. Nikasema, "Tuangukie, mwanangu."

Watu wakacheka. Naye akacheka, akasema, "Bibi, leo mgongo unaniuma."

Nikasema, "Pole. Ulikuuma pia ulipokuwa unasoma Kilatini?"

Hapo Bi Ogden, ambaye humjui akiwa na bia ya mchana, akapiga kelele, "Mleteeni ngazi!" Ukumbi mzima ukaanza kugonga sakafu kwa viatu vya mbao: ngazi, ngazi, ngazi. Wapaka rangi wawili wa mtaa wetu wakatoka nje wakarudi na ngazi, usiniulize ya nani. Nikapanda jukwaani. Nikaisimamisha katikati, pasipo kuegemea kitu, nikaishika kwa mikono yangu miwili. Ilinijua, Jabez. Nikamwambia, "Panda, bwana. Nitakushikia vizuri. Nilimshikia mwenye anguko hili mpaka alipokufa, na hakuwahi hata kukwaruzika."

Akaiangalia ngazi. Akapanda kidato kimoja, kisha cha pili. Akasimama hapo akisubiri nini sijui, labda chai. Kisha akashuka.

Mtu akauliza kutoka nyuma, "Basi nani huwa anaanguka?"

Nikajibu, "Mwanangu, Jabez Wrigley, wa mtaa wa Lees." Nililitaja kwa sauti ya wauza samaki.

Frayne aliondoka kwa mlango wa nyuma. Kwa haki nikwambie kwamba nilimwonea huruma kidogo mpaka nilipofika barabarani.

Najua watakujia juu. Huenda nimekukatia riziki. Lakini sijuti, na nikisema najuta nitakuwa naongopa.

Mama yako

*

Teddington, 11 Septemba 1913

Mama,

Wamekuja juu.

Bwana Hoskyns aliniita, Frayne amekaa pembeni anaangalia dirishani. Karatasi ilikuwa tayari mezani, imeandikwa vizuri: mimi, Jabez Wrigley, nakiri kwamba Bwana Frayne huanguka mwenyewe siku zote, na kwamba mama yangu ni mzee na akili yake imeanza kuchanganyikiwa. Hoskyns akasema, "Saini hapo, itatoka magazetini, na Jumatatu uko kazini. Ukikataa, hakuna kampuni itakayokufungulia lango."

Mpaka pale pa Frayne kuanguka mwenyewe nilikuwa nimeishika kalamu. Nilipofika kwenye akili yako niliiweka chini. Nikasema, "Bwana, tumalize kwanza picha ya zizi, jua linaondoka." Hilo halikuwa uongo. Jua lilikuwa linaondoka.

Zizi lenyewe ni banda kuukuu la farasi nyuma ya bustani. Hoskyns anataka kulibomoa, na kwa kuwa mkono wake ni mzito kutoa, aliamua Doddles alibomoe kwa kuliangukia, maseremala wakate nguzo nusu, lianguke lote kwa mara moja. Mara moja tu. Hakuna zizi la pili.

Frayne akapanda vidato vyake viwili. Kamera ikasimama. Akashuka, nikapanda. Nilipofika juu niliona mto Thames na nguo za watu zimeanikwa, na niliogopa kuliko siku zote, wala si kwa ajili ya urefu. Nikagonga kwa kisigino. Seremala aliyeishika ngazi akaiachia.

Katikati ya hewa nikavua kofia. Masharubu nilikuwa nimeyabandika kwa mate tu, nikayang'oa kwa mkono uleule. Nikageuza uso, nikaangalia ndani ya kamera, nikawasalimia watu kama baba alivyowasalimia. Kisha zizi lote likaja chini pamoja nami, vumbi mpaka kanisani, na mimi nimeketi juu ya majani, ndoo mkononi.

Mpiga picha hakuacha kuzungusha. Alikuwa anacheka mpaka anatokwa machozi. Frayne alimwagia chai suruali yake mwenyewe. Hoskyns alinifukuza kabla sijajipangusa.

Nimezunguka makampuni mengine. Kweli hakuna anayefungua. Naogopa, Mama. Lakini si kwamba najuta.

Jabez

*

Oldham, 8 Novemba 1913

Mwanangu,

Wameuacha uso wako kwenye picha! Hoskyns yule hakuweza kuitupa picha nzima, na bila zizi hakuna picha, na zizi jingine hakununua. Imefika hapa Alhamisi.

Nilikwenda nimejiandaa kusimama juu ya kiti na kutangaza. Nilikuwa nimeshavua viatu. Anapanda Frayne, watu wanatabasamu. Anashuka mtu mwingine kabisa, amevua masharubu, anawasalimia. Kisha ukumbi ulicheka namna ambayo sijaisikia tangu enzi za baba yako, maana nani alishaona mtu anapanda ngazi huyu akashuka yule? Na kabla sijafungua mdomo, mtoto mmoja wa benchi la mbele akapiga kelele, "Ni Wrigley! Wrigley wa mtaa wa Lees!" Wakaanza wote kulitaja.

Nilikaa. Nilivaa viatu vyangu. Sikuwa na la kufanya.

Rudi nyumbani ule. Mwandaaji wa maonyesho ya jukwaani ya huku amekuja mlangoni kukuulizia, na nimemwambia asubiri, asidhani tuna njaa.

Mama

*

Teddington, 17 Novemba 1913

Kwa Bw. J. Wrigley,

Kampuni imeona vema kukujulisha kwamba picha ya zizi imeagizwa na majumba mengi ya sinema kuliko picha yetu nyingine yoyote. Wenye majumba wanaamini kuwa mzaha ule wa mtu kubadilika angani ulipangwa na kampuni, nasi hatukuona sababu ya kuwasahihisha.

Tuko tayari kusahau yaliyopita na kukurudisha kazini kwa malipo bora. Mzaha wa uso umetosha mara moja. Masharti ya kudumu ni yaleyale: Bwana Frayne ana jina la kulinda, na kwa hiyo uso wako hautaonekana. Tunaomba pia mama yako asihudhurie maonyesho yetu.

Jibu kwa posta ya kwanza.

Cuthbert Hoskyns

*

Oldham, 19 Novemba 1913

Bwana Hoskyns,

Barua yako imenikuta mezani nakula pai ya viazi, na nimeisoma kwa sauti kwa wote waliokuwapo.

██████ sitakuja. Sina ugomvi na Bwana Frayne, na suruali yake ilinikaa vizuri. Lakini kuanzia sasa apande mwenyewe na ashuke mwenyewe. Mwambie asiuangalie udongo, aangalie watu, na asibane pumzi. Hiyo ni bure.

Mimi nimepata kazi ya majira yote ya baridi kwenye majukwaa ya huku. Bango limetoka kwa mpiga chapa leo asubuhi. Jina langu liko chini kabisa, chini ya mbwa wanaocheza densi, chini ya bwana anayepiga filimbi kwa pua, kwa herufi ambazo ilibidi tuazime miwani ya Bi Ogden kuzisoma. Pembeni ya langu lipo la mama yangu, kwa sababu ngazi anaishika yeye. Limebandikwa ukutani karibu na kiwanda, na watu wanaotoka zamu wanasimama kulitazama.

Wako,
Jabez Wrigley

Bwana, mimi ndiye mama mwenyewe. Nimeisoma barua hii kabla haijafungwa na sina la kuongeza. Nimepunguza neno moja tu. Pale penye wino mwingi, kabla ya "sitakuja", kijana alikuwa ameandika "samahani". Nimelifuta.

Keziah Wrigley